Kamba Mbili Kwenye Mkebe Mmoja

Ndugu zangu, hamjambo? Haya, asanteni. Kwa jinsi mlivyoitikia nimejua ukumbi umejaa mpaka mlango wa nyuma, na kwamba akina mama mmekaa upande wangu wa kushoto kama kawaida yenu. Mwenyekiti amenishika bega akaniambia, "Sema ukweli, na usitucheleweshee chakula." La kwanza nitalitimiza. La pili mtanisamehe.

Sitataja mtu jina. Wengine ninaowasema wamo humu ndani, wengine wamepatana juzi tu, na sikuja kufukua mambo yao. Nitasema yangu.

Mimi ni mtu wa Mbooni, kule juu milimani kwenye baridi, ila kazi yangu ilikuwa hapa Kitui mjini. Naandika programu za kompyuta. Nikiambia watu hivyo wanadhani natengeneza vitu vya ajabu. Hapana. Programu ni maagizo tu. Unaiambia mashine: likitokea hili, fanya hivi, likitokea lile, fanya vile. Shida ni kwamba mashine inatii neno kwa neno, haikuhurumii ukikosea.

Nilifanya kazi na mwenzangu mmoja, mama fundi wa umeme. Yeye anashughulika na nyaya, pampu na sola, mimi nashughulika na maagizo. Ni mkali kidogo. Leo yuko hapa, kwa hivyo nitachunga mdomo.

Kuna kijiji kimoja upande wa Ikutha kilichochimbiwa kisima kirefu. Maji yalipatikana, lakini amani haikupatikana. Ugomvi ulikuwa ni nani ashike ufunguo wa koki. Akiwekwa mkulima, wafugaji wanasema mbuzi wao wanakufa makusudi. Akiwekwa mfugaji, akina mama wanasema wanalala kwenye foleni huku ng'ombe wakinywa. Mwishowe kamati ikasema: tuletewe mashine, mashine haina mjomba. Ndipo tukaitwa sisi. Tukaweka kipimo ndani ya tangi, tukaweka valvu, ile koki ya umeme inayojifungua na kujifunga, na mimi nikaandika programu ya kuamua maji yaende saa ngapi na yasimame saa ngapi. Wakati huo tangi lilikuwa moja tu. Ilifanya kazi vizuri sana. Watu walituchinjia mbuzi.

Sasa sikieni jinsi nilivyoanguka.

Nilianza kugonga vitu. Mlango uliokuwa wazi nusu, nagonga bega. Kikombe kilicho pembeni ya meza, nakiangusha. Mke wangu akawa ananicheka, anasema nimekuwa na haraka ya ovyo. Siku moja hapa sokoni Kitui nilipita katikati ya nyanya za mama mmoja aliyezipanga chini, nikazikanyaga zote upande mmoja, na sikuwa nimeziona kabisa. Yule mama alinipigia kelele, "We kijana, umelewa asubuhi yote hii?" Nikamwangalia. Nikaona uso wake tu. Mikono yake, mabega yake, watu waliosimama naye, havikuwepo. Nilikuwa natazama dunia kupitia bomba.

Nawaambia ndugu zangu, kutoka pale nilikwenda moja kwa moja hospitalini.

Daktari aliniwekea mashine jichoni. Halafu akaniambia bila kuzunguka: "Ni presha ya macho. Haiumi, ndiyo maana hukujua. Imekula mshipa unaopeleka habari kwenye ubongo. Kilichokwenda hakirudi. Tutajaribu kuokoa kilichobaki." Tukajaribu. Nilipasuliwa. Jicho la kulia likakubali kidogo, halafu likakataa. La kushoto lilikuwa limekwisha. Kwa miezi michache nikawa naona mwanga wa dirisha, nikaushikilia ule mwanga kama mtu anayening'inia. Asubuhi moja nikauliza mke wangu kwa nini hajafungua pazia. Pazia lilikuwa wazi.

Mtu anayeandika programu anaishi kwa macho. Kutwa unasoma mistari, unashuka, unapanda, unarudi nyuma kulinganisha huu na ule. Mimi nilikuwa nimejenga maisha yangu yote juu ya kioo cha kompyuta. Nikafunga chumba changu hapa mjini, nikarudishwa Mbooni kwa mama yangu. Nasema nikarudishwa, kwa sababu ndivyo nilivyojisikia, kama mzigo uliokosa mwenyewe.

Watu wa kanisa walikuja. Nawashukuru, walikuja na ndizi, na maziwa, na maombi. Lakini mmoja wao aliomba akisema, "Bwana, mwonyeshe dhambi aliyoificha." Niliinamisha kichwa. Mama yangu alikuwa karibu nami, nikasikia pumzi yake inabadilika. Ombi lilipokwisha alisema kwa sauti ya chini, "Mtoto wangu ni mgonjwa. Akipata malaria hamumuulizi dhambi." Nilimpenda mama yangu siku ile kuliko siku zote, na bado nilipobaki peke yangu nilianza kuhesabu dhambi zangu. Wenzangu mliopitia haya mnanielewa. Mnaguna, nawasikia.

Niliacha kunyoa ndevu. Niliacha kula mezani. Nilikuwa simjibu mtu isipokuwa kwa ndiyo na hapana.

Siku moja, mchana kweupe, wakiwa wote shambani, nikaamua kuondoka. Niende wapi? Sijui mpaka leo. Nilitaka tu kufika barabarani peke yangu, nisimame, bodaboda inibebe mahali popote ambapo hakuna mtu wa kunionea huruma. Njia ya kwetu niliijua tangu utoto. Nyinyi mnaojua Mbooni mnajua zile njia zetu, upande mmoja mlima, upande mwingine matuta ya mashamba yanayoshuka moja baada ya jingine. Nikashika ukuta wa nyumba, nikaacha ukuta, nikashika ua, nikaacha ua. Nikaenda vizuri. Nikafurahi hata. Halafu mguu wa kulia ukakanyaga hewa.

Nilianguka tuta la kwanza nikagonga ubavu, nikabiringika la pili, na nikajikuta nimeshika nyasi, miguu ikining'inia, chini yangu nikisikia mawe madogo yakiendelea kuanguka, yakianguka, na sisikii yakifika. Sikuweza kujua kama chini yangu ni hatua moja au ni korongo. Hilo ndilo jambo la kutisha, ndugu zangu. Mwenye macho angeangalia tu. Mimi nilibaki pale nimeshika nyasi, zinakatika jani baada ya jani, na sipigi kelele. Sikuita mtu. Kuna sehemu ya moyo wangu ilikuwa inasema achilia, labda ni hatua moja, na ikiwa si hatua moja, basi.

Mke wangu ndiye aliyenifikia. Alikuwa amerudi kuchukua jembe. Alishuka yale matuta kwa makalio, akanikamata kwenye mshipi na shati, akavuta. Mama yangu akaja nyuma yake. Waliponifikisha juu nilimwambia maneno ambayo sijivunii. Nilimwambia, "Ungeniacha."

Alinipiga kofi. Kanisani sikulisema hili, leo nalisema.

"Wewe ukianguka," aliniambia, anahema, "unadhani umeanguka peke yako? Mimi nitawaambia watoto nini? Eti baba yenu alichoka nasi?" Halafu akakaa chini kwenye vumbi akalia, na mimi nikapapasa mpaka nikapata kichwa chake. Tulikaa hapo mpaka jua likatuchoma.

Simwambii mtu hapa kwamba siku ile nilipona. Sikupona. Lakini nilianza kula mezani.

Sasa, wakati mimi nimelala Mbooni, kule Ikutha mambo yalikuwa yameharibika, na mimi sikujua.

Mwenzangu wa kazi alitokea kwetu siku moja kwa bodaboda, amebeba kompyuta kifuani kama mtoto. Hakunipa pole nyingi. Alikunywa chai, akaweka kikombe chini, akasema, "Nimekuja kwa sababu kuna mtu amevunjwa mkono."

Alinieleza. Nilipokuwa naugua, kijiji kiliongeza tangi la pili, la mifugo, ili akina mama na wafugaji wasikutane kwenye foleni moja. Wazo zuri. Mwenzangu akaweka kipimo na valvu, na kwenye programu akaongeza tangi la pili vile vile programu ilivyoruhusu. Kwa wiki za kwanza mvua ilikuwa imenyesha, watu hawakuwa wakitegemea sana kisima. Kiangazi kilipokaza, balaa likaanza. Tangi la mifugo linajaa mpaka linamwagika, na tangi la watu liko kavu, na pampu inazima. Akina mama wamesimama na mitungi mitupu wakiangalia maji yakitiririka kwenye kwato za ng'ombe.

"Nimebadilisha vipimo vyote," alisema. "Nimebadilisha nyaya. Nimebadilisha valvu. Bado. Na sasa watu wanasema tulilipwa na wafugaji tuifundishe mashine upendeleo. Juzi akina mama walivunja ua wa tangi la mifugo, vijana wa mifugo wakaja na fimbo, mama mmoja akavunjwa mkono. Kamati imesema siku ya soko wanang'oa mashine yote. Na wakishaing'oa, ufunguo utarudi kwa mtu, na safari ijayo haitakuwa mkono."

Nikamwambia, "Mimi sioni."

"Najua huoni. Lakini ile programu uliizaa wewe. Nitakusomea."

Akaanza kunisomea. Ndugu zangu, mmewahi kujaribu kufikiria nyumba yenye vyumba vingi kwa kuambiwa tu na mtu, mlango huu, dirisha lile, kona hii? Akisoma mstari wa kumi, wa kwanza umeshanitoka. Namwambia rudi. Anarudi. Namwambia endelea. Napotea. Jasho lilinitoka. Nilijaribu mpaka nikasikia kichwa kinavuma, nikafunika uso nikasema, "Siwezi. Imekwisha. Mwambie mtu mwingine."

"Hakuna mtu mwingine," alisema.

Mke wangu alikuwa anaosha vyombo mlangoni. Yeye ni mwalimu wa chekechea. Akasema bila kugeuka, "Watoto wangu pia hawashiki hesabu kichwani. Siwagombezi. Nawapa visoda."

Nikamwambia hii si hesabu ya chekechea. Nilisema kwa dharau kidogo, nilikuwa nimechoka.

"Sikusema ni ya chekechea. Nimesema kichwa kimejaa. Kikijaa, unaweka chini." Akafuta mikono, akaenda chumbani, akarudi na gunia lake la shule, akalimwaga kitandani. Nikasikia mikebe, visoda, vile vizibo vya chupa za soda, vibanio vya nguo, kamba. "Haya. Hiyo programu yako ina vitu gani ndani?"

Nikaanza kumjibu, pole pole, kwa sababu hakuna aliyewahi kuniuliza hivyo. Nikamwambia kuna pampu. Akanipa chupa. Kuna valvu mbili. Akanipa vibanio viwili, vinavyofunguka na kufungika. Kuna tangi la watu na tangi la mifugo. Akanipa mikebe miwili midogo.

"Ni hayo tu?"

"Kuna jingine," nikasema. "Kuna tangi la mfano."

"Hilo liko wapi Ikutha?"

"Haliko Ikutha. Liko ndani ya programu tu. Siandiki kila tangi upya. Natengeneza moja la mfano, naliandikia kila kitu tangi linachopaswa kujua, halafu naiambia mashine, nitolee lingine kama hili. Lile jipya likiulizwa jambo ambalo halina, linaenda kuuliza kwa la mfano."

Akanipa mkebe mkubwa, wa mafuta ya kupikia. Nikauweka katikati ya kitanda. "Na kuuliza ni kamba," akasema. "Yeyote anayeuliza mwingine, mfunge kamba waende pamoja."

Mwenzangu akaanza kusoma tena, mstari mmoja mmoja, na mimi kila mstari nauweka kitandani. Pampu inauliza tangi la watu: kamba. Valvu hii inasikiliza pampu: kamba. Niliposahau, sikumwambia arudi, nilinyoosha mkono tu nikagusa. Mambo yalikuwa yamekaa nilipoyaweka. Sikuwa nimesikia kitu kama hicho tangu macho yaondoke, kwamba kuna kitu kimetulia mahali pake kinaningoja.

Tukafika kwenye kiwango cha maji. Hiki ndicho kitu cha maana, yaani tangi limejaa kiasi gani. Visoda vingi, tangi limejaa. Visoda vichache, linaelekea kuisha. Mwenzangu akasoma pale ambapo programu inauliza tangi la watu kiwango chake. Nikashika mkebe wa watu, nikafuata kamba yake kwa vidole. Ikaenda mpaka mkebe mkubwa. Akasoma pa tangi la mifugo. Nikashika mkebe wa mifugo, nikafuata kamba yake. Ikaenda mpaka mkebe mkubwa.

Nikasimamisha mkono.

"Soma tena pa watu."

Akasoma. Nikafuata. Mkebe mkubwa.

"Na pa mifugo."

Mkebe mkubwa. Nikatia vidole ndani ya mikebe midogo. Mitupu yote miwili. Hakuna hata kisoda kimoja. Visoda vyote tulikuwa tumeviweka kwenye mfano, kwa sababu ndivyo programu ilivyosema, na sote watatu hatukuwa tumeshtuka.

"Hayana kiwango chao," nikasema. "Haya matangi hayana kitu! Yote mawili yanasoma kwa mfano. La mifugo likijaa, linakuja hapa linaandika 'nimejaa'. La watu likiulizwa, linakuja hapa hapa, linakuta 'nimejaa', linajibu hivyo hivyo, na liko kavu kama mfupa!"

Mwenzangu akasema polepole, "Na lilipokuwa tangi moja..."

"Lilipokuwa moja, nani angejua? Lilikuwa linaandika na kusoma lenyewe."

Huyu mama alipiga makofi mara moja, paa, halafu akaanza kucheka na kulia pamoja. Si upendeleo wa mtu. Si hongo. Ni kamba mbili zimefungwa kwenye mkebe mmoja. Tiba yake ilikuwa mistari michache: kila tangi likizaliwa, lipewe kiwango chake lenyewe. Niliitamka, yeye akaandika, akanisomea, na mimi nikahamisha visoda kwa mkono wangu, hivi vya watu, hivi vya mifugo.

Sasa msidhani hapo ndipo mwisho. Kitandani si Ikutha.

Shemasi wetu alituazima pikapu yake. Tulishuka kutoka baridi ya Mbooni mpaka lile joto linalokupiga usoni kama mlango wa tanuri. Ilikuwa siku ya soko, ile siku ya kung'oa. Nilisikia watu kabla gari halijasimama. Akina mama upande mmoja, na mitungi ikigongana. Wafugaji upande mwingine, na mbuzi wakilia kiu. Katikati kimya, na mimi nikajua katikati ndipo tunapopita.

Mke wangu alinishika kiwiko. Tuliposhuka garini tu, kijana mmoja akasema kwa sauti, "Ati wametuletea kipofu atuonyeshe maji!" Watu wakacheka, kile kicheko kibaya. Mzee mmoja, mfanyabiashara wa mifugo, wa zile familia zilizohamia hapo kutoka kaskazini, mtu wa kamati, akasema, "Nyamazeni. Kipofu hajui ng'ombe wa nani. Mwacheni aseme." Halafu akanisogelea, akaniambia mimi peke yangu, "Sema haraka, mwalimu. Hawa vijana sitawashika sana."

Nilitaka kurudi garini, nawaambia ukweli. Lakini tulikuwa tumejiandaa. Hatukugusa matangi. Tulishusha mabeseni mawili, tukayaweka chini mbele ya watu wote, kila moja na kipimo chake, na pampu ndogo ya kuvuta maji kutoka kwenye pipa, na programu ile ile tuliyoirekebisha. Nikawaambia, "Hiki ni kijiji chenu kidogo. Kabla hatujagusa kile kikubwa, ninyi wenyewe mjaribu kukidanganya hiki. Nipeni mama mmoja na mfugaji mmoja."

Alikuja mama. Mwenzangu akaninong'oneza: ni yule aliyevunjwa mkono, bado umefungwa. Nilisikia umati ukishusha pumzi. Akaja pia mfugaji mmoja kijana. Nikamwambia kijana ajaze beseni la mifugo mpaka juu, na mama asiweke chochote kwenye lake. Zamani, hapo pampu ingezima. Kijana akamimina. Maji yakafika juu. Nikasikiliza.

Pampu ndogo ikaendelea kuvuma, ikageuka, ikaanza kumwagia beseni la mama.

"Mimina tena," mama akamwambia kijana, hamwamini mtu. Akamwaga maji ya beseni lake chini yote, kijana akaongeza kwake. Pampu ikamfuata mama tena. Akajaribu kinyume, lake lijae na la kijana liwe tupu. Ikamfuata kijana. Wakarudia mpaka wote wawili wakawa wamelowa. Mwishowe yule mama akasema, si kwa furaha, kama mtu anayekiri jambo gumu, "Haimpendelei mtu."

Ndipo kamati ikasema washeni kubwa.

Hapa, ndugu zangu, ndipo nilipozeeka. Mwenzangu aliingiza programu mpya, akapandisha swichi. Pampu ikaanza kuvuta kule chini. Niliweka kiganja kwenye bomba la tangi la watu. Hakuna. Pampu inavuma, inavuma, bomba kavu. Mwenzangu akanisogelea sikioni: "Valvu imekwama. Maji yakisukuma na imefungwa, bomba litapasuka au pampu itaungua. Nizime?"

Na ikiungua, si mashine tu, ni kisima chote. Na tukizima mbele ya wale watu, wataona imeshindwa, na vijana hawatashikika tena.

"Nizime?" akauliza tena.

Nikabandika sikio kwenye bomba. Umati wote ulikuwa umenyamaza, hata mbuzi nadhani. Na ndani ya lile bomba nikasikia kitu chembamba sana, fffff, kama mtu anayepumua kupitia meno. Hewa. Bomba lilikuwa limekaa kavu siku nyingi, lilikuwa limejaa hewa, na hewa ilikuwa inasukumwa kupitia valvu, inatoka juu tangini. Kama hewa inatoka juu, basi valvu iko wazi.

"Usizime," nikasema.

"Una hakika?"

"Usizime!"

Bomba likatikisika. Likawa baridi chini ya kiganja changu, baridi ikapanda, na juu kule tangini tukasikia maji yakipiga chuma kitupu, kishindo kama mvua ya mawe juu ya mabati. Sikuwahi kuona kelele ya namna ile ya binadamu, na nasema kuona makusudi. Akina mama walipiga vigelegele. Mtu fulani alinimwagia maji kichwani. Mke wangu alikuwa amenikamata mkono, kucha zake zimeingia ndani ya ngozi, na hajui.

Macho yangu hayakurudi. Nalisema hili kwa sababu kuna watu huja kwenye ushuhuda wakingoja hiyo sehemu. Kilichorudi ni kazi. Mwalimu mmoja, yeye pia haoni, alinifundisha kutumia kompyuta inayosoma kwa sauti, na alinivumilia nilipokuwa mjinga na mwenye hasira. Siku hizi naandika mwenyewe. Bado, jambo likiwa gumu, natengeneza vitu vya kushika kwanza, na wateja wangu wenye macho nao wameanza kuvipenda, maana hata wao walikuwa wakidanganyika na kioo.

Nashukuru daktari aliyeniambia ukweli bila kunipaka asali. Nashukuru mama yangu, aliyenitetea mbele ya maombi. Shemasi wa pikapu, asante. Mzee wa kule Ikutha, aliyesema mwacheni aseme, Mungu ampe maisha marefu. Mwenzangu wa kazi, naona umekaa kimya, si kawaida yako. Asante kwa kuja na shida badala ya kuja na pole. Na mke wangu. Kofi lile nimelisamehe. Ameniambia hakuomba msamaha.

Somo langu ni dogo. La kwanza, pimeni macho, hata kama hayaumi, hasa kama kuna mtu kwenu aliwahi kupofuka. La pili ni kwenu mnaoishi na sisi. Msituambie tu tuwe na nguvu. Tuulizeni tunataka kujua nini, halafu mtuwekee mkononi.

Nikiwa naingia, mwenyekiti aliniambia kuna mwenzetu amekuja leo mara ya kwanza, ameletwa na dada yake, na hajasema neno tangu asubuhi. Sitakuita mbele. Usiseme lolote leo kama hutaki. Lakini chakula kikija, mimi nitakuwa nimekaa benchi la dirishani, na nafasi ya kulia kwangu nimeiwekea kofia yangu. Iondoe, ukae.